Ikizima, Imerudi Jela

Bango la Muli, fundi wa simu pale Kianda, lilisema TUNAVUNJA JELA. Askari walimkamata kwa maneno hayo, wakamwachilia baada ya yeye kuwafungulia simu zao.

Siri yake ilikuwa hivi. Simu kuukuu zilitoka kiwandani na kasoro ndani ya chipu yenyewe, na kasoro ya chipu haizibiki hata mwenye kampuni alie machozi. Muli alikuwa anachomeka waya kwenye kompyuta, anabonyeza vitufe viwili, na simu inamtii: inakubali programu iliyokuwa inaikataa kwa sababu ya uzee. Nusu ya pili ya siri hakuitangaza. Simu ikizima, imerudi jela, yaani kwenye kufuli la kampuni, na mwenyewe amerudi kwa Muli kulipa upya. Betri za simu hizo zilikuwa zimezeeka pia, na stima ilikuwa inapotea kila siku ya pili. Kwa hivyo wakubwa wa stima, kwa mara ya kwanza, walikuwa wamemsaidia mwananchi mmoja.

Wakubwa wa basari, ile pesa ya karo, nao waliamua fomu zijazwe kwa simu pekee, mwisho Ijumaa saa kumi. Labda kwao kila maskini ana simu mpya. Syokau, anayechajia watu simu kwa sola Kawangware, alikuwa na kuukuu. Ilikuwa imemzimikia mara mbili katikati ya fomu, usiku sola ikiwa imelala, na bila basari bintiye Daisy angebaki nyumbani.

Ijumaa asubuhi alirudi Kianda mara ya tatu. Alimkuta Muli na foleni ya watu kumi, kompyuta nyeusi tii. Stima hakuna, na betri ya kompyuta ilikufa zamani.

"Mama Daisy, leo nimekwama," Muli alisema.

"Mimi niko na sola. Beba mashine twende."

Foleni nzima ikawafuata kwa miguu hadi Kawangware. Syokau alimlipa Muli kwanza, ndipo Muli akafungua simu yake. Fomu ikajazwa, ikaenda. Muli aliposhika simu ya pili, Syokau akachomoa waya. Kompyuta ikazima.

"Mathe, sasa umefanya nini?"

"Sola ni yangu. Ikizima unalipa upya, fundi. Si ndivyo mashine hufanya?"

Watu wa foleni, ambao hakuna aliyekuwa amelipa chini ya mara tatu, wakasogea wakaziba mlango. Muli akamrudishia Syokau pesa zake zote. Kisha akafungua simu kumi bure, na kila alipokohoa kama mtu anayetaka kutaja bei, mkono wa Syokau ulikuwa ushafika kwenye waya.