Ruhusa ya Kusimama

Kwa niaba ya Serikali ya Mfalme na kwa faida ya umma wote, Bwana Eustace Thrupp alipanda juu ya pipa katikati ya soko la Ballyscarra, mvua ikinyesha kama kawaida, akatangaza kwamba kuanzia saa ile Mkatoliki yeyote wa wilaya hiyo anaruhusiwa kusimama, ila ni marufuku kuketi.

Watu wakatazamana.

"Kuketi wapi?" akauliza mama mmoja muuza mayai.

"Kuketi," akajibu Thrupp. "Popote pale."

Mama yule alikuwa amekalia ndoo. Akainuka polepole, akaitazama ndoo yake kama mtu aliyeambiwa kwamba mumewe ni jambazi.

Bwana Thrupp alikuwa Msimamizi wa Vikao. Cheo hicho kilibuniwa Dublin wakati Wakatoliki wa Ayalandi walipoanza kudai haki zao kwa sauti kubwa kuliko ilivyopendeza. Ilikuwa hivi: Mkatoliki mwenye kishamba cha kutosha aliweza kupiga kura, mradi ampigie Mprotestanti. Yeye mwenyewe hakuweza kuwa mbunge mpaka kwanza aape mbele ya watu kwamba dini yake ni upuuzi mtupu. Serikali iliona huo ni utaratibu wa haki kabisa, kwa kuwa kiapo kilikuwa wazi kwa kila mtu.

Sasa mwaka ule Myles Hanratty, Mkatoliki mwenye kinu cha kusaga ngano, akasema atasimama kugombea ubunge katika uchaguzi. Hilo halikuwa limewahi kutokea. Thrupp akawauliza wanasheria wa Serikali huko Dublin kama jambo hilo linawezekana, nao wakamjibu kwa ufupi, kama watu wenye shughuli nyingi: sheria haimkatazi Mkatoliki kusimama, inamkataza kuketi.

Mtu mwingine yeyote angeelewa kwamba kinachozungumziwa ni kiti cha Bungeni. Thrupp hakuwa mtu mwingine yeyote. Alikuwa mtumishi wa umma mwenye bidii, na bidii yake ilikuwa haijapata kazi kwa muda mrefu.

"Mheshimiwa, tufikirie kwa kina," alimwambia Sir Peregrine Stackallan walipokuwa wakila bata mezani. "Mtu haanzi kuketi Bungeni. Anaanza kuketi nyumbani. Leo kigoda, kesho benchi, na keshokutwa utamkuta London amekunja nne."

Sir Peregrine alimiliki ardhi yote kutoka mtoni hadi baharini, na ndiye aliyekuwa mbunge. Alikuwa ameketi Bungeni miaka mingi na kusema mara moja tu, alipoomba dirisha lifungwe. Aliposikia maneno ya Thrupp alicheka hadi mchuzi ukamwagika. "Wanyang'anye viti, Thrupp! Wanyang'anye vyote!" akasema huku akipiga meza.

Thrupp akalichukua hilo kama mwongozo wa kisera.

Kituo chake cha kwanza kilikuwa kilabu cha mjane Honora Geraghty, ambako wanaume wa Ballyscarra walizoea kunywa bia nyeusi na kusinzia. Aliingia na askari wawili. Honora alikuwa nyuma ya kaunta akifuta vikombe, mwanamke mpana, mwenye mikono ya kukandia unga na ulimi wa kunyolea ndevu.

"Karibu, Bwana Msimamizi. Utakaa?"

"Mimi nitakaa. Hawa hawatakaa." Akaeleza amri, na askari wakaanza kutoa mabenchi nje, wanywaji wengine wakiwa bado wamelala juu yake.

"Nina maswali, bwana," alisema Honora kwa adabu kubwa. "Kuchuchumaa je?"

Thrupp alifikiri. "Kuchuchumaa kunaruhusiwa, kwa mahitaji ya lazima na kwa muda wa mahitaji hayo."

"Asante. Kuegemea ukuta?"

"Bega moja tu."

"Na kupiga magoti kanisani?"

"Huko ni kusimama kwa kifupi. Ruksa."

"Na kulala, bwana? Maana mtu kabla ya kulala lazima apitie kukaa."

"Aanguke moja kwa moja," akasema Thrupp, akaridhika na jinsi sheria ilivyokuwa na jibu kwa kila jambo.

Basi amri ikatekelezwa. Mabenchi, vigoda na viti vya wilaya nzima vikakamatwa na kuhifadhiwa nyumbani kwa Thrupp, hata ikabidi awe anaingia kwa dirisha. Wanawake walikamua ng'ombe wakiwa wamejikunja kama ndoano. Padri Tuohy aliwatangazia waumini kwamba, kwa kuwa wote watasimama, mahubiri yatakuwa mafupi, na Jumapili iliyofuata kanisa likafurika hadi nje, wakiwemo watu ambao padri alikwisha kuwazika moyoni. Dereva wa gari la farasi la Sir Peregrine, Mkatoliki mtiifu, aliendesha akiwa wima mpaka kwenye kona ya mto. Hapo gari likaingia mtaroni na Sir Peregrine akatolewa kwa kuvutwa miguu.

"Thrupp, huu ni wendawazimu!" alifoka, tope likimchuruzika masikioni.

"Ni usumbufu wa mpito, Mheshimiwa. Kila mageuzi yana kipindi chake cha mpito."

Ila kulikuwa na jambo ambalo Thrupp hakuligundua, naye hakuwa mtu wa kugundua mambo ambayo hayakuandikwa. Watu wa Ballyscarra walipokuwa wakiketi, walikuwa wakizungumza habari za ng'ombe, kisha wakisinzia. Sasa hakuna aliyeweza kusinzia. Mtu aliyesimama na kikombe mkononi, miguu inamuuma, hana budi kuuliza nani amemfanyia hivi. Kilabuni kwa Honora mazungumzo yakageuka. Watu wakaanza kutaja uchaguzi. Wakaanza kulitaja jina la Hanratty, mwanzoni kwa kunong'ona, baadaye kwa kupiga kaunta.

Mmoja hakupiga kaunta. Huyo alikuwa Fintan Cusack, aliyemwoa Sabina, mdogo wake Honora. Alikuwa mpangaji wa Sir Peregrine, mwenye shamba la viazi lenye mawe mengi kuliko viazi, na kwa shamba hilo alikuwa na kura. Asubuhi ile msimamizi wa mashamba alikuwa amempitia na kumwambia kwa upole kwamba atakayetaja jina lolote zaidi ya Sir Peregrine siku ya uchaguzi, jioni yake atakuta paa la nyumba yake liko chini.

"Shemeji, mbona umenuna kama mbuzi aliyenyeshewa?" Honora alimuuliza.

"Niache, shemeji. Sabina ana mimba ya miezi minane. Nikimtaja Hanratty, mtoto atazaliwa barabarani."

"Na usipomtaja?"

"Atazaliwa ndani."

"Atazaliwa ndani ya nyumba isiyo na kigoda," alisema Honora. "Mdogo wangu anamenya viazi amesimama na tumbo lile. Jana nimemkuta analia, si kwa maumivu. Kwa hasira. Mimi sikwambii la kufanya, Fintan. Mimi sina kura, ni mwanamke. Lakini ningekuwa nayo ningeitaja hadi wasikie London."

Fintan alikunywa bia yake akaondoka bila kuaga.

Kwa desturi, siku ya uchaguzi Sir Peregrine alikuwa akiwapakia wapangaji wake kwenye mikokoteni, wakiwa wamekaa wamebanana kama magunia, msimamizi wa mashamba juu ya farasi pembeni, na kuwafikisha kwenye mahakama ya mji mkuu wa wilaya kabla hawajapata nafasi ya kuzungumza na mtu. Safari hii mikokoteni ilipofika, Thrupp alikuwa akiisubiri njiani akiwa ameinua mkono.

"Samahani. Humo watakaa."

"Bila shaka watakaa!" alisema Sir Peregrine. "Ni mkokoteni!"

"Basi haiwezekani, Mheshimiwa. Watembee."

"Thrupp, mimi ndiye mgombea wa Serikali unayoitumikia!"

"Ndiyo maana siwezi kukupendelea," alijibu Thrupp, na macho yake yakalengwa na machozi ya uadilifu.

Wakatembea. Barabara ilikuwa ndefu, na farasi wa msimamizi wa mashamba hakuweza kuwa mbele na nyuma kwa wakati mmoja. Katika kila njia panda waliungana na wapangaji wengine waliokuwa pia wameshushwa mikokotenini. Mtu akatoa filimbi. Padri Tuohy akatokea upande mmoja, Honora upande mwingine akigawa viazi vya moto kutoka kwenye aproni. Thrupp, aliyetembea pembeni kuhakikisha hakuna anayepumzika kwenye ukuta kwa mabega mawili, aliwaangalia na moyo wake ukajaa fahari. Alikuwa hajapata kuona umma uliosimama wima namna ile.

Kura zilipigwa kwa mdomo. Sir Peregrine alikaa kwenye kiti kirefu jukwaani, na kila mpangaji alipita mbele yake, akamtazama usoni na kutaja jina kwa sauti. Utaratibu huo ulikuwa umemletea ushindi mara zote, kwa sababu si rahisi kumtazama usoni mtu anayemiliki paa lako.

Fintan alikuwa wa kwanza kuitwa. Thrupp alisimama karibu naye.

"Sema, Cusack," alisema Sir Peregrine kwa tabasamu. "Mkeo hajambo?"

Labda asingemtaja Sabina mambo yangekwenda vingine. Fintan aliinua uso.

"Hajambo, Mheshimiwa. Amesimama." Kisha akaongeza, "Hanratty."

"Umesema nani?"

"Hanratty! Myles Hanratty, mwenye kinu!" Alipiga kelele hadi sauti ikakatika, na miguu ikamlegea ghafla, ikabidi wawili wamshike asije akavunja sheria.

Aliyefuata alisema Hanratty. Na wa nyuma yake. Mzee mmoja kiziwi alisema Hanratty kabla hajaulizwa. Ilipofika jioni Sir Peregrine alikuwa amebaki na kura za msimamizi wake wa mashamba, mchungaji wa Kiprotestanti na binamu zake wachache, na mmoja wa binamu alikuwa anatafuta njia ya kubadilisha.

Usiku kucha Fintan alikaa macho akisubiri paa lishushwe. Halikushushwa. Asubuhi Sir Peregrine aliamuru wasaliti wote wafukuzwe mashambani, na msimamizi wa mashamba akamuuliza kwa heshima ni nani basi atakayevuna, atakayelipa kodi, na atakayemkamulia maziwa ya chai. Sir Peregrine alikwenda dirishani akaitazama ardhi yake, yote kutoka mtoni hadi baharini, akasema agizo lisubiri. Wiki hiyohiyo Sabina akajifungua mtoto wa kike, ndani, na mkunga akiwa amechuchumaa kwa mahitaji ya lazima.

Dublin ilishtuka. Akatumwa Kamishna mwembamba, mwenye mafua, kuchunguza ni mchochezi gani hatari aliyewainua Wakatoliki wa Ballyscarra. Thrupp alimpokea kwa furaha, akijua hatimaye kazi yake itatambuliwa. Naam, ilitambuliwa.

"Shahidi, nani aliwafanya msimame?" Kamishna alimuuliza Honora mahakamani.

"Bwana Thrupp, Mungu ambariki."

"Nani aliwanyima usingizi vilabuni?"

"Yeye."

"Nani aliwazuia kupanda mikokoteni ya Sir Peregrine, wakaenda kwa maandamano?"

"Yeye huyohuyo, bwana. Tulikuwa tumelala. Bila yeye mpaka leo tungekuwa tunakoroma."

Ukumbi ukalipuka kwa vifijo. Thrupp aliruka. "Lakini nilifuata mwongozo! Sir Peregrine mwenyewe aliniambia niwanyang'anye viti vyote! Tulikuwa tunakula bata!"

Watu wote wakageuka kumtazama Sir Peregrine. Naye Kamishna akachovya kalamu, akapenga kamasi, akamuuliza taratibu tangu lini amekuwa akishirikiana na harakati za Wakatoliki. Sir Peregrine alifungua mdomo, na kwa mara ya kwanza maishani akajaribu kutoa hotuba, lakini kilichotoka ni kikohozi tu. Kamishna akaandika kwamba mshukiwa wa pili amekataa kukanusha.

Thrupp akafutwa kazi, akaamriwa afike Dublin kujieleza. Alikwenda kupanda gari la farasi la abiria asubuhi na mapema, akiwa na sanduku lake na koti lake la cheo lililong'olewa vifungo. Gari halikuwepo. Dereva alikuwa ameliacha zizini na kujiunga na msafara, maana siku hiyohiyo Hanratty alikuwa anaondoka kwenda London kudai nafasi yake bila kuapa upuuzi wowote, na wilaya nzima ilikuwa inamsindikiza hadi bandari ya Dublin kwa miguu.

"Bwana Thrupp!" Honora alimwita kutoka kwenye umati. "Unaelekea Dublin? Njoo basi, barabara ni moja."

"Mimi siwezi kuonekana na ninyi. Huu ni mkusanyiko haramu."

"Sasa utakwenda na nani, baba? Wengine wote wako huku."

Thrupp alitazama huku na huko. Barabara ilikuwa tupu, isipokuwa wao. Fintan akamchukulia sanduku. Mtu mwingine, kwa heshima ya kweli isiyo na chembe ya kejeli, akamkabidhi mti wa bendera ya kijani ya Ayalandi aushike upande mmoja, maana upepo ulikuwa mkali na aliyekuwa akiushika peke yake alikuwa amechoka. Thrupp hakuweza kuona kazi ikifanywa vibaya. Akaushika, akaunyoosha, kisha akawaambia walio nyuma wapange mistari, wasitembee kama bata.

Katika kila mji walioupita watu waliongezeka. Walipoingia Dublin hakuna aliyeweza kuuona mwisho wa msafara. Kwenye dirisha la ofisi kuu ya Serikali, Kamishna mwenye mafua alichungulia, akamwona mtu anayetembea mbele kabisa chini ya bendera, akawageukia wakubwa zake.

"Waheshimiwa," alisema, "ni Msimamizi wetu wa Vikao. Amekuja kujieleza."

Wakubwa wakasogeza meza nyuma ya mlango, wakaketi juu yake wote pamoja.