Sauti ya Lifti

Jumatatu, 3 Juni
Hatimaye nimempata. Mwanamke ambaye sauti yake husema "mlango unafungwa" katika lifti za mji mzima. Wote wanamsikia, hakuna anayemjua. Ndiyo kazi yangu hiyo, kuwatafuta waliosahauliwa. Mhariri wa televisheni anataka filamu Ijumaa. Nikishindwa, nafasi ya Jumapili anapewa Kipara, aliyekuwa akinibebea nyaya na sasa eti naye ni mtayarishaji.

Mezani mama mkwe alianza tena habari zake za ujana, filimbi na mpira. Nikamwomba kwa adabu apunguze sauti. Nina mawazo.

Jumanne, 4 Juni
Balaa. Mama wa lifti ana furaha. Nilimwomba akae dirishani atazame mbali kwa huzuni. Akauliza huzuni ya nini. Nikamwambia ya kusahauliwa. Akasema dada zake humpigia simu mpaka anaizima.

Nikamenya kitunguu karibu naye. Nikalia mimi. Mpiga picha, mjinga yule, akanirekodi.

Jumatano, 5 Juni
Nimemkuta Kipara sebuleni kwangu, anakunywa chai na mama mkwe. Eti alikuja kunisalimia. Nikasema nahitaji utulivu. Mama mkwe akauliza kama wanaweza kuhamia uani. Nikajibu hata mwaka mzima, nikawabebea viti. Taa ya Kipara pia niliibeba mimi. Mke wangu akatushikia mlango.

Alhamisi, 6 Juni
Mpango mpya: mama wa lifti apande lifti, watu wampuuze. Alisema "habari zenu" tu, wakamtambua. Wakajazana hadi lifti ikakwama. Sauti yake inasema mlango unafungwa, mwenyewe anacheka, mimi nimebanwa chini ya kwapa la mtu. Kamera nayo iliona kwapa hilohilo.

Ijumaa, 7 Juni
Mhariri aliuliza kwa nini filamu yangu inahusu mwanamume anayelia. Kisha akanionyesha ya Kipara. Refa wa kwanza mwanamke. Aliwapa wageni penalti kwenye fainali, mashabiki wakavunja uzio, akatoroshwa ndani ya kapu la jezi chafu. Wiki iliyofuata akarudi uwanjani na filimbi yake, na hakuomba radhi. Mhariri alifuta machozi.

Refa amekaa kwenye kiti changu. Uani kwangu.

Nilimuuliza mke wangu kwa nini sikuambiwa. Akasema mama yake amekuwa akiniambia tangu harusi. Mama mkwe hakununa. Alisema tu, "Mwanangu, wewe una mawazo mengi."

Nikaenda kuoga.

Jumapili, 9 Juni
Imeonyeshwa. Mtaa mzima umekuja kumpongeza mama mkwe. Nimekaa nikatafakari, na kosa langu nimelijua: watu wamechoka na lifti, wanataka marefa. Kesho nasafiri kumtafuta refa aliyesahauliwa zaidi.

Nikifunga begi, jirani yetu fundi saa akabisha hodi. Akasema mkewe alifariki zamani, na kuna jambo la maisha yao ambalo hajawahi kumsimulia mtu. Nikamwambia mzee wangu, niwie radhi, niko mbioni. Natafuta watu wasiosikilizwa.