Pembe ya Ndiva na Bwana Picha

Suji, Jumatatu, 8 Juni 1953

Mzungu ameingia kijijini na mashine ya picha zinazotembea! Anataka kuonyesha asili yetu Wapare: nani alichimba ndiva, bwawa letu la kumwagilia, na hufunguliwaje. Nikamwahi mkalimani wake, Lukasi. Nikamwambia aliyechimba ni babu yangu, Kajiru.

Mzee Manase, mlinzi wa ndiva, anadai ni babu yake yeye. Lakini Manase ana kila kitu: funguo za kanisa, pembe ya ndiva, meno yote. Babu yangu hana hata kaburi linalojulikana. Jina lake likiingia kwenye picha, halitapotea tena. Nimeomba, moyo umetulia. Nadhani ni ruhusa.

Mke wangu Dorkasi kauliza tangu lini Kajiru alishika jembe.

Jumatano, 10 Juni

Ee Bwana, ulikuwa wapi?

Asubuhi Manase kashuka kwenda gulio la Hedaru. Nikachukua pembe kwa mkewe, nikisema tunataka kuiombea. Nikavaa mgolole wa kuazima, lile shuka la wazee wa kale. Bwana Picha akauliza watu hujuaje kwamba ndiva inafunguliwa. Nikasema hupigwa pembe. Akasema piga.

Nikapiga! Nikachomoa mti wa kuzibia. Maji yakaruka! Nikajiona mimi ndiye Kajiru.

Kumbe pembe, hata ya picha, inaita watu. Kijiji kizima na majembe! Leo ni zamu ya Yudith, mjane, na maji yake yote yanaingia kwenye maharage yangu. Manase alikuwa hajafika hata kona ya pili. Karudi anahema. Kasema wezi wa maji kawaona wengi, bwana wee, ila anayepiga pembe ni mimi wa kwanza. Akina mama hoi kwa kicheko. Mashine inazunguka tu, krrrr.

Nimetozwa mbuzi. Manase kaongeza kwamba hata babu yangu Kajiru alitozwa mbuzi hapa hapa, kwa kosa hili hili. Wazee wote wakaitikia. Walikuwa wanajua! Mimi tu!

Same, Jumamosi, 3 Oktoba

Tumekuja kwa lori kuona picha, kwenye shuka jeupe uwanjani. Nilikaa mbele. Nilitumaini wamekata sehemu mbaya.

Wamekata nzuri! Pembe haipo, maji hayapo. Nipo mimi, mdomo wazi, namkabidhi Yudith mbuzi. Lukasi akatangaza kwenye kipaza sauti kwamba huyu ni mjukuu wa Kajiru, na kwao wizi wa maji ni urithi. Same nzima ikapiga makofi.

Dorkasi kaninong'oneza kwamba si nilitaka jina lisipotee. Kasema hata mbuzi katoka vizuri.

Nimetubu. Kweli kabisa nimetubu, palepale kwenye nyasi.

Wakati wa kupanda lori Lukasi kanidokeza: mwakani anakuja mzungu mwingine, kule Usangi, kupiga picha za wahunzi wa zamani. Usangi hakuna anayenijua. Na sasa hivi nimekumbuka kwamba babu mzaa mama alikuwa mhunzi. Hodari sana.

Vizuri mgolole sijaurudisha.