Jumla Haiulizwi

Jumatatu, 4 Machi

Nimekasirika tangu jana mchana na sioni sababu ya kuacha. Shemeji, kaka yake mke wangu, alikuja kula. Yeye haji kusalimia, huja kula. Akashiba, akajinyoosha kwenye kiti changu, akatangaza kwamba nyumba yake imefika kwenye lenta, ule mkanda wa zege juu ya madirisha. Miaka minane anajenga! Akipata mshahara, matofali hamsini. Akipata chochote cha ziada, mifuko miwili ya saruji. Mwenyewe bado anaishi vyumba viwili vya kupanga, choo cha kushirikiana. Namwita Mpangaji, mbele yake na nyuma yake. Nikamwambia kuta zisizo na paa ni zizi. Akacheka. Akaniuliza hii ninayokaa mimi ni yangu au ya benki.

Mbele ya watoto! Damu ikanipanda. Nikasema kabla mwezi huu haujaisha namaliza mkopo, na hati ya nyumba naitundika ukutani, palepale juu ya kichwa chake.

Leo nimetulia nikapiga hesabu. Nilikopa milioni arobaini. Nimelipa miaka sita bila kuruka mwezi. Mapacha wetu wamezaliwa, wametambaa, wameanza shule, mimi nalipa tu. Nimeshatoa milioni thelathini na nne na ushee. Toa kwenye arobaini, inabaki tano na kitu. Na Ijumaa hii mke wangu anapokea zamu yake ya upatu: milioni tano taslimu. Mungu si Athumani!

Mke wangu hushona sare za shule hapo barazani. Pesa hizo alikuwa na mpango nazo, vyerehani viwili vya umeme na chumba cha duka karibu na shule. Nimemwambia vitangoja. Akasema sawa, ila kwanza niulize benki wanadai ngapi. Yaani ananitilia shaka kwenye kutoa! Kutoa nimeijua tangu darasa la pili.

Jumanne, 5 Machi

Wezi! Wezi waliovaa tai!

Nimeenda benki na shati jeupe, nikiwa nimejiandaa kupewa mkono wa pongezi. Dirishani yuko dada mmoja wa miwani mikubwa, mpole kama muuguzi. Akabonyeza, akasoma, akasema bado milioni thelathini na nane na laki tatu. Nikacheka. Nikamwambia dada yangu, hilo ni deni la mtu mwingine, hebu angalia vizuri. Akageuza kioo cha kompyuta nikaliona jina langu. Nikaacha kucheka.

Nimelipa thelathini na nne, deni limepungua moja na laki saba! Nikauliza zilizobaki zimekwenda wapi. Miwani akanieleza taratibu, na ule upole wake ndio uliozidi kunichoma. Kila mwezi natoa laki nne themanini na moja. Mwezi wa kwanza, laki nne sitini na sita zilikuwa riba. Zilizoingia kwenye nyumba ni elfu kumi na tano.

Elfu kumi na tano! Nilidhani nanunua nyumba, kumbe mwezi ule nilinunua kitasa. Mwezi uliofuata bawaba. Kwa mwendo huo hata mlango wa choo haujawa wangu.

Nikauliza hadi mwisho nitakuwa nimelipa ngapi. Milioni mia moja arobaini na nne. Kwa nyumba ya arobaini! Nikapandisha sauti kwamba sikuambiwa. Akatoa mkataba. Jumla imeandikwa ukurasa wa pili, na chini yake sahihi yangu yenye mkia mrefu. Mlinzi akaanza kusogea. Nikaondoka kwa heshima zangu.

Mke wangu kauliza wamesema ngapi. Nimemwambia mtandao haukuwepo.

Alhamisi, 7 Machi

Kazini nako kumenitibua. Mimi ni muuzaji wa samani na majokofu, kwa malipo ya polepole, na kwa miaka tisa hakuna aliyenipita pale dukani. Siri yangu naiandika hapa kwa kuwa hakuna atakayeisoma: mteja usimtajie jumla. Mtajie ya mwezi. Mwambie ni bei ya soda mbili kwa siku. Mtu akisikia soda mbili, jokofu limeshafika kwake.

Leo akaja mwalimu mstaafu, bibi mfupi wa mkoba mkubwa. Nikampa soda mbili. Akaniuliza jumla. Nikamwonyesha droo ya mboga. Jumla? Nikamwonyesha taa ya ndani. Akasimama palepale kama anasubiri mwanafunzi ajibu, hadi nikaisema. Akaniambia asante mwanangu, kwa hiyo nalipa majokofu mawili nachukua moja. Akaenda zake. Watu wengine hawana adabu kabisa! Jumla ni siri ya watu wazima, haiulizwi hadharani.

Nyumbani mke wangu akauliza tena, sasa akiwa ameshika mkasi. Nikasema ukweli. Hakupiga kelele. Alikaa chini na kola ya sare mkononi, macho yamejaa machozi, akasema miaka sita namnyima nauli ya kwenda kwa mama yake kwa sababu mkopo unakaribia kuisha. Nikaikasirikia benki.

Ijumaa, 8 Machi

Mkakati mpya. Nimeamua kuwaamsha wananchi. Saa ya chakula cha mchana foleni ya benki huwa ndefu, wote wana mikopo, wote wamechoka. Nikasimama mbele yao nikahutubia. Nikasema kidole kimoja hakivunji chawa. Nikasema tukiacha kulipa sote mwezi huu, watatupigia magoti.

Walinisikiliza vizuri. Mzee mmoja akatikisa kichwa, nikadhani machozi yanamtoka. Kumbe alikuwa ananiomba nisogee, nimemzibia kibao cha namba. Kijana wa nyuma yake akaniuliza kama mimi sina nyumba ya kupigwa mnada. Wanawake wawili wakaichukua nafasi yangu kwenye foleni. Mlinzi akanishika kiwiko. Amenizoea sasa, ananiita kaka.

Haya, mlale! Msije kulia kwangu.

Jioni wanawake wa upatu wamemletea mke wangu pesa zake, kwa vigelegele. Amezihesabu mara moja tu, akazifungia. Hakuimba nao.

Jumapili, 10 Machi

Mpangaji kaja kula. Akautazama ukuta juu ya kichwa chake, akauliza hati iko wapi. Nikamwambia benki wamenibembeleza nisimalize mapema, wateja wa aina yangu ni wachache. Akasema hilo analiamini.

Kisha akapunguza sauti, na hapo ndipo aliponiudhi kweli, kwa kuwa hakuwa anatania. Akasema, shemeji, kama mmekwama semeni, mifuko ya saruji inaweza kungoja. Saruji yake! Nikamwambia mimi na mpangaji hatuwezi kusaidiana, mmoja wetu yuko juu. Mke wangu akanikata jicho. Kaka yake akaomba maji, akaondoka kabla ya matunda. Hajawahi kuondoka kabla ya matunda.

Jumatatu, 11 Machi

Mke wangu kanipeleka benki. Ndiyo, kanipeleka, kama mtu anavyompeleka mtoto kung'oa jino. Miwani akatupa viti. Mke wangu akauliza milioni tano zikiwekwa leo, zitafanya nini.

Miwani akasema kila kitu kinategemea zinawekwaje. Zikiingia moja kwa moja kwenye deni lenyewe, nasi tukaendelea na rejesho lilelile la mwezi, basi ile miaka kumi na tisa iliyobaki inashuka hadi chini ya kumi na miwili. Miaka saba inakatika! Zaidi ya milioni arobaini hazitoki mfukoni. Akarudia mara mbili kwa sababu mimi nilikuwa natafuta mtego. Sikuuona, na hilo likanikasirisha zaidi. Kwa nini hawakusema miaka sita iliyopita?

Njiani mke wangu akasimama mbele ya kile chumba cha duka alichokitaka. Mlango wake ni wa kijani na bado kina kibao cha kupangishwa. Akakiangalia mara moja. Kisha akaniambia maneno ninayoyaandika kama yalivyo:

"Baba Mapacha, chukua zote. Ila usibadilishe kitu kingine chochote. Tulipe ileile, tumalize mapema."

Nikamwambia mimi si mtoto.

Jumatano, 13 Machi

Ushindi! Ushindi mkubwa!

Nimefika benki na pesa. Miwani hayupo, yuko mafunzoni. Nilikuwa tayari kukasirika, mara akatokea kijana wa suti iliyobana na viatu vyenye ncha. Akaniita mheshimiwa. Mheshimiwa! Miaka sita nakanyaga jengo hilo na hakuna aliyewahi kuniita hivyo, mlinzi tu ndiye huniita kaka. Akaniingiza kwenye chumba chenye zulia. Nikaletewa kahawa kwenye kikombe chenye kisahani.

Nikamweleza kwa ukali kwamba nimeonewa. Akakubali! Akasema mtu wa hadhi yangu kulipa laki nne themanini na moja kwa mwezi ni kuumizwa. Akabonyeza. Akaniambia nikiweka hizo tano, wanaufunga mkopo wa zamani wenye balaa, wananifungulia mpya, na rejesho linashuka hadi chini ya laki nne. Elfu themanini na zaidi zinabaki mfukoni kila mwezi! Akasema hizo ni chakula cha mchana cha kila siku, bure.

Mimi nimeuza miaka tisa, namjua mtu anayejua kazi. Kijana yule ana kipaji. Hakunichosha na mahesabu. Nami sikumwuliza jumla, kwa heshima ya taaluma.

Muda ni miaka thelathini. Ada kidogo imo humohumo. Nikatia sahihi, nikaukaza mkia. Nilipotoka nikamtazama mlinzi kutoka juu hadi chini. Leo nimeishusha benki bei, na sijui mtu mwingine aliyewahi kuifanyia hivyo.

Ijumaa, 15 Machi

Elfu themanini zisipopewa kazi zitapotea kienyeji. Nimezipa kazi. Nimechukua seti ya makochi ya watu saba pale dukani kwetu, kwa malipo ya polepole, elfu themanini na mbili kwa mwezi. Bosi akataka kunisomea jumla, nikamzuia kwa mkono. Mimi na yeye tunajuana.

Yameletwa na gari mchana. Mapacha wameruka juu yake hadi wameanguka. Mke wangu akauliza yametoka wapi. Nikasema ni faida. Akaingia ndani. Kidogo nikasikia cherehani kikiungurumishwa kwa mguu, haraka haraka, kama anakifukuza. Nilitegemea asante. Nalala na hasira.

Jumapili, 17 Machi

Nimeamua kumweleza, maana kushinda peke yako hakunogi. Nimemkalisha kwenye kochi jipya, nikamsimulia yote: zulia, kahawa, mheshimiwa, elfu themanini. Nilipofika kwenye elfu themanini nikapiga meza.

Akaniuliza miaka mingapi. Nikasema aache kupenda vijineno. Akauliza tena. Thelathini. Akauliza jumla ni ngapi. Hapo nilikasirika kweli! Nikamwambia ndiyo maana sikutaka aje, mwanamke mzima unaulizaje jumla kama yule bibi wa jokofu? Akachukua chaki yake ya kushonea, akaandika juu ya meza yangu, laki nne kasoro kidogo, mara kumi na mbili, mara thelathini. Milioni mia moja arobaini na mbili. Ukiacha zile thelathini na nne tulizokwisha kulipa. Ukiacha na zake tano.

Akasema kile chumba cha mlango wa kijani kimepata mtu jana. Akasema nisingebadilisha chochote tungemaliza nikiwa na miaka hamsini na mbili na yeye angali na nguvu za kushona kwa ajili yake mwenyewe. Sikupenda sauti aliyoitumia. Ilikuwa ya chini mno. Bora angenifokea, kufokewa nimekuzoea na najua pa kushika.

Nikamwambia anaangalia upande mbaya. Kwa mwezi tumeshuka au hatujashuka? Tumeshuka! Akafuta chaki kwa kiganja, akainuka, akasimama mlangoni akiwatazama watoto wanavyocheza uani.

"Siku ya kumaliza," akasema, "hawa watakuwa na miaka thelathini na sita."

Hatimaye! Ameelewa mwenyewe, bila kulazimishwa. Nikamwambia ndiyo hiyo sasa, mama. Watakuwa watu wazima wenye mishahara yao. Watamalizia wao.