Sauti ya Mheshimiwa Isipunguzwe

Idara ya Kuwapa Sauti Wasiosikika ilitangaza, kwa furaha kubwa na nakala tatu, kwamba itatengeneza filamu ya hali halisi kuhusu waumini wa dini ndogo ambao nyumba yao ya ibada imefungwa miaka minne. Iliyoifunga ni Idara hiyohiyo, kwa kuwa hawakuwa na kibali cha kusali kimyakimya. Lakini hayo ni maneno ya mtaani, tuyaache.

Fundi wa sauti aliipokea kazi hiyo roho ikimuuma. Shangazi aliyemlea alikuwa muumini wa pale. Tangu kufuli lifungwe, bibi huyo alisali nje, mvua yake, jua lake, na sasa kifua kilikuwa kinamsumbua.

"Mwanangu, waambie watupe ufunguo tu," alisema. "Hiyo sauti wabaki nayo."

Siku ya kurekodi, waumini waliketi mbele ya kufuli wakasali kama kawaida yao. Mkurugenzi wa Idara akatazama saa.

"Mbona hawasemi? Vifaa vyote hivi nimeleta vya nini?"

"Ndiyo sala yao, mheshimiwa."

"Basi waongeze kidogo."

Baadaye shangazi aliomba mlango ufunguliwe, dakika moja tu. Kamati ya Uhariri ikaikata dakika hiyo kwa kuwa inavuruga mtiririko wa matumaini. Mkurugenzi alihutubia nusu saa, kisha akaenda garini kuongea na katibu wake, maikrofoni ikiwa bado kwenye kola. Fundi, spika masikioni, alisikia yote. Wala hakukizima kinasa sauti.

Wiki hiyo ukatoka waraka: sauti ya kiongozi isipunguzwe hata pumzi moja. Fundi akaomba ugongwe muhuri. Akagongewa miwili. Kamati nayo haikuisikiliza hotuba, maana maneno ya Mkurugenzi hayakaguliwi.

Siku ya uzinduzi ukumbi ulifurika. Waziri alikaa mbele. Shangazi na wenzake waliwekwa nyuma, karibu na choo. Hotuba ikaisha kwenye skrini, ikabaki picha ya kufuli, na sauti ya Mkurugenzi, ile ya garini, ikaendelea:

"Watu wenyewe hawana kelele, watanifanya nini? Ufunguo uko kwenye droo yangu, na utakaa humohumo. Pale nataka pa kuegesha gari. Jua linaniharibia viti."

"Zima!" Mkurugenzi aliruka.

"Hata pumzi moja, mheshimiwa," fundi alijibu, akiinua waraka. "Mihuri yako hii hapa."

Waziri akageuka taratibu. "Droo ipi?"

Katibu alishafika mlangoni. Aliporudi, ufunguo ulipita mkono kwa mkono mpaka nyuma, karibu na choo. Shangazi akaufunga kwenye pindo la khanga, machozi yakimtoka bila kificho, kisha akatembea hadi mbele. Mkurugenzi alikuwa amesimama, mdomo wazi, neno halitoki.

Bibi akamshika bega kwa huruma.

"Usione haya, baba. Nasi husali hivyohivyo."