Samiha Ang'oa Miramura Nyakasimbi

Jumatatu, 9 Juni 2025. Kayanga.

Nimefufuka! Kituo cha runinga cha Dar kimepiga simu. Wanatafuta mtangazaji wa kipindi cha kukarabati nyumba, na wamebakiwa na waigizaji wawili: mimi na Nasreen. Nasreen! Yule aliyeigiza maiti kwenye filamu yangu akapiga chafya. Kila mmoja atume kipindi kimoja kabla ya Ijumaa. Nikikosa hapa nitapima vitenge dukani kwa mama hadi nizeeke. Tayari watu wananiita "yule aliyekuwa".

Nyumba nimepata Nyakasimbi, kwa Mzee Rwegoshora. Kakubali kwa sababu rangi ni ya bure. Wakulima, bwana!

Jumanne, 10 Juni.

Kuta zimekuwa zambarau. Mke wa mzee, Mama Vero, aliuliza kwa upole kama nyeupe haikuwepo. Nikamwambia nyeupe ni ya zahanati.

Tatizo uani. Kati ya migomba ya mzee na ya jirani kuna mstari wa vimti vyembamba, majani kama nywele zisizochanwa. Vinaharibu picha. Nikaagiza ving'olewe. Jovitus, kibarua, akasema hiyo ni miramura, tumsubiri mzee arudi kutoka kuuza kahawa. Nikamjibu mwongozaji ni mimi, yeye ashike jembe. Tumeng'oa yote, tukachoma, mashimo tukafukia na kusawazisha. Sasa pana sura!

Jumatano, 11 Juni.

Balaa. Miramura ndiyo mpaka! Mzee na jirani yake, Gaspari, walishtakiana miaka kumi na moja, wazee wa kijiji wakaipanda kuwapatanisha. Alfajiri Gaspari kashapanda migomba hatua sita ndani ya kibanja cha mzee. Kaniletea na mkungu wa ndizi, ananishukuru. Mzee kagoma kutia sahihi ya ruhusa hadi mpaka wake urudi. Bila sahihi, hakuna kipindi.

Nikamlilia. Jicho la kushoto kwanza, ndio ufundi wangu. Mama Vero akauliza kama nimeingiwa na mdudu.

Alhamisi, 12 Juni.

Nina akili jamani! Binamu yangu Tariq, mpiga picha, alirekodi uani kabla hatujang'oa. Picha itaonyesha mpaka ulipopita. Nikawaita wazee sebuleni, shikamoo kila mmoja, nikawasha.

Dakika arobaini. Uso wangu. Uso wangu kwa ubavu. Pua yangu. Nyuma ya sikio, jani moja. Wazee wakauliza uani uko wapi. Tariq akawaambia nilimkataza kupiga kitu kingine. Msaliti!

Mzee Rwegoshora hakugomba. Alisema tu kesi inaanza upya, na miaka kumi na moja mingine yeye hana. Niliona aibu. Ikapita.

Jumamosi, 14 Juni.

Nilituma dakika zangu arobaini hivyo hivyo, bila sahihi, lakini kazi kapewa Nasreen. Kabandika vigae choo cha bibi yake, basi! Kituo kinasema kwake waliiona nyumba. Nani anawasha runinga atazame nyumba?

Kosa nimeligundua: Tariq alisimama mbali mno.

Kuna kituo Mwanza nacho kinatafuta mtu. Nimepata nyumba Kituntu, nzuri sana, ila makaburi mawili ya mababu yako mbele ya kibaraza, yanaziba mwanga. Wenyewe Jumatatu wanakwenda harusini. Jovitus hapokei simu yangu, lakini vibarua wapo tele. Nitayahamishia nyuma, kwenye migomba. Wakirudi watanishukuru.