Mbuzi wa Mbarak na Njia ya Zamani

Jumatatu, 4 Agosti 2025
Kiritiri. Serikali ilipochukua kipande chetu cha mbele ijenge lami, ilituachia mtaro langoni, wenye kina kunishinda. Pa kutokea ni kwa jirani tu, Mzee Kathuri, naye amepaziba kwa miiba. Punda wa mama hapiti. Ndengu zimejaa nyumba, soko tunalisikia kwa masikio. Tumemshtaki, naye ameambia korti hapo hapajawahi kuwa njia. Hakimu anakuja Alhamisi ya wiki ijayo kujionea. Mama anaomba Mungu. Mimi nafikiri. Kazi tumegawana vizuri.

Jumanne, 5 Agosti
Njia huzeekaje? Nimekaa kwa jiwe nikiwaza. Jibu: kwato! Mbuzi hufuatana mstari mmoja kama wanafunzi wa parade. Nikaenda kwa Mbarak wa bucha, nikamwambia nitamchungia mbuzi wake bure. Akaniangalia kama mfupa usio na nyama. Akasema, Oscar, wewe na neno bure hamjawahi kukaa nyumba moja. Lakini akanipa.

Alhamisi, 7 Agosti
Sisi Mbeere hatuzuii mnyama anayeenda kunywa maji, hata wa adui. Kathuri ni mtu wa mila. Nikamwambia mbuzi wana kiu, wanaenda kwa kisima chetu. Akaondoa miiba mwenyewe, huku akinung'unika. Form two niliiacha, lakini akili haikuniacha. Akauliza mbuzi wa sokoni wametembea mpaka huku kwa nini. Nikasema maji yetu ni matamu. Akatazama kisima muda mrefu. Sijui alikuwa anatafuta nini.

Jumapili, 10 Agosti
Njia inang'aa. Wengine wako kanisani, mimi nimetandaza mavi ya mbuzi ya mwaka jana na soli ya kiatu cha marehemu babu, njia ionekane ya kale. Mama amerudi akauliza kiatu cha babu kimetoka wapi. Nikamwambia historia haitupwi.

Alhamisi, 14 Agosti
Hakimu amekuja na viatu safi. Akainama, akaigusa njia, akauliza wanyama hupita hapa tangu lini. Nikasema tangu babu wa babu. Wakienda wapi? Kunywa maji, mheshimiwa, pale kisimani. Nilisema kwa sauti, hata wa mbali wasikie.
Hakimu akamgeukia Kathuri: anakubali hii ni njia ya zamani ya kwenda majini? Nilitegemea abishe. Kumbe mzee anatabasamu! Akasema kijana amesema kweli tupu, basi iandikwe hivyo, ibaki wazi mwanzo hadi mwisho, kwa kila mwenye mifugo. Mama akatia sahihi makubaliano akilia kwa furaha. Tumeshinda. Nimetembea kijijini kifua mbele.

Jumamosi, 16 Agosti
Alfajiri ng'ombe wa Kathuri wako uani. Nyuma yao wa ukoo wake wote. Wamekunywa kisima mpaka kamba ikafika tope, kisha wakala ndengu zote za mama zilizoanikwa turubaini. Njia ya kwenda soko tunayo. Cha kupeleka hatuna. Kathuri akanisalimia kwa heshima, akasema kweli maji ni matamu. Mama hajaniongelesha, na mwiko wa ugali hauko mahali pake.
Lakini nimeshaona dawa. Kesho Kathuri akiwa kanisani nitachimba kisima kwa shamba lake, kionekane cha zamani, ng'ombe waishie huko huko. Jembe nimeazima. Sasa natafuta ndoo kuukuu.